Filamu nzima nitafunikwa uso. Niikubali nafasi hii?

Binti_Tabata
Habari zenu wanajamvi. Mimi ni mwigizaji, zaidi wa jukwaani. Kuna dairekta kanipa nafasi kubwa kwenye filamu ya kutisha, ila karibu muvi yote nitakuwa nimevaa barakoa. Mama hataki kabisa, anasema nani atajua naweza kuigiza na uso hauonekani? Wenzangu nao wananitisha kwamba ukishacheza mzimu utaitwa kwa mizimu tu. Dairekta kasema kabla sijamjibu nikamtazame Mfaransa mmoja, Edith Scob. Simjui. Aliishia wapi huyo mama?

MzeeWaSinema
Dada, dairekta wako anajua anachotafuta. Scob alizaliwa Paris mwaka 1937. Dairekta Georges Franju alimpa kipande kidogo kwenye La Tête contre les murs (1959), kisha akamfanya Christiane wa Les Yeux sans visage (1960). Christiane kaharibika uso kwa ajali ya gari, na baba yake, daktari wa upasuaji, anateka wasichana awabandue nyuso ampandikizie mwanawe.

Barakoa anayovaa Scob humo ni nyeupe, laini, haikunji wala haicheki. Kilichobaki kwake ni macho, shingo na mwendo. Mtazame anavyopita kwenye lile jumba kama miguu haigusi sakafu, anavyogeuza kichwa polepole akisikia jambo. Unamhurumia na kumwogopa kwa wakati mmoja. Mwonyeshe mama hicho kwanza, mtabishana baadaye.

Ila usile kabla. Kuna upasuaji mle ndani, na filamu ilipoonyeshwa Edinburgh watu walizimia.

kamera_mbovu
Mzee, mpe na upande wa pili. Marekani waliitoa 1962 wakaitia sauti za Kiingereza na kuibandika jina The Horror Chamber of Dr. Faustus, na Faustus hayumo! Ile barakoa watu wengi wameiona kwenye mabango. Waulize nani aliivaa. Kimya.

MzeeWaSinema
Umaarufu sawa, tuseme haukuja. Kazi je? Franju alimwita tena kwenye Thérèse Desqueyroux, Judex na Thomas l'imposteur. Dairekta Luis Buñuel naye akampa kumcheza Bikira Maria kwenye La Voie lactée (1969). Bikira Maria, jamani! Huyo ndiye aliyekwama kwenye mizimu?

Shangazi_Jukwaa
Mnasahau tamthilia. Mumewe ni mtunzi wa muziki Georges Aperghis, na 1976 walianzisha kikundi cha ATEM pale Bagnolet, jirani na Paris, wakichanganya muziki na maigizo. Hakukaa kusubiri simu ya dairekta. Kwa hiyo mwanangu, jukwaa usiliache.

Sasa mkataba. Jina lako likae wapi kwenye bango, waandike. Barakoa ipimwe kwenye uso wako, na uijaribu ukiongea, maana ukikosa pumzi sauti inakufa. Kubwa zaidi, uliza kama wataweza kumvisha mtu mwingine kwenye picha za mbali. Barakoa inawarahisishia sana hilo, wewe unalipwa siku chache na jina ni lako.

kamera_mbovu
Hapo Shangazi umenimaliza. Niongeze moja: dairekta Leos Carax alimweka kwenye Les Amants du Pont-Neuf (1991), kwenye uhariri akakatwa karibu chote. Akaja kumpa nafasi ya maana kwenye Holy Motors (2012), dereva wa limozini. Mwishoni kuna jambo na barakoa, silisemi. Nafasi hiyo ilimwingiza kwenye wanaowania César, tuzo kubwa ya filamu ya Ufaransa, miaka sita kabla hajafariki. Itazame baada ya ile ya 1960, usianze nayo, hutaelewa kitu.

Binti_Tabata
Asanteni sana. Ya 1960 naitazama na mama, pale kwenye upasuaji nasogeza mbele. Shangazi, hilo la kuvishwa mtu mwingine halikuwahi kunijia. Nikiwaambia picha zote nicheze mwenyewe hawataniona msumbufu?

Shangazi_Jukwaa
Wakuone. Ila liandikwe.