Safranbolu kwa miguu: kuna haja ya kulipia mwongozaji?

Kutoka: Mdau wa Ankara

Asalaam aleikum na habari za wikiendi wana-Uturuki wote. Mama yetu na dada yangu wanakuja toka Dar, watakaa kwangu mwezi wa kumi mwishoni mpaka wa kumi na moja. Istanbul tutaenda kama kila mtu ila mama hapendi fujo za mjini, kashasema anataka mji wa zamani atembee taratibu. Kila ninayemuuliza ananiambia Safranbolu. Sasa naomba wanaoujua waniambie, kuna haja ya kulipia mwongozaji atutembeze au tujizungukie wenyewe na simu mkononi? Mama magoti yanamsumbua kidogo. Na usafiri ukoje? Ahsanteni.

Kutoka: Dada wa Karabük

Waaleikumu salaam mdogo wangu. Mimi niko Karabük, mji wa jirani, toka kwangu mpaka Safranbolu ni dolmuş moja tu, yaani daladala ya huku, na kila mgeni wangu anayekuja nampeleka, kwa hiyo nivumilie nikujibu kwa kirefu.

Lipia mwongozaji. Nasema hivyo hali za mifuko yetu nikizijua. Safranbolu kwa nje utaimaliza haraka mno, utaona nyumba nyeupe zenye mbao za kahawia zimepandana kwenye mteremko, utapiga picha, utaonjeshwa lokum, zile peremende laini za Kituruki, kila duka, utapanda kilima cha Hıdırlık uone mji wote kwa juu, basi. Mambo yenyewe yako ndani ya zile nyumba na kwenye jinsi mji ulivyopangwa, na hayo hakuna aliyeyaandika ukutani.

Chukua nyumba ya Kaymakamlar, ilikuwa ya kamanda wa kambi ya jeshi ya hapo, siku hizi ni makumbusho. Chini kote ni mawe, ndo pa wanyama na kuni na akiba ya chakula, huoni dirisha la maana la barabarani. Ukipanda ngazi ndo nyumba inaanza. Upande wa wanaume na wageni wao, selamlık, umetengwa na upande wa familia, haremlik, na kwenye ukuta wa katikati kuna kabati la duara linalozunguka, wanaliita dönme dolap. Mara moja nilikuwa na mama mkwe wangu, mtu wa Pangani, mwongozaji akamwambia asimame upande huu, yeye akazunguka upande wa pili, akasukuma, lile kabati likageuka rafu zikatokea mbele yetu. Wanawake walipika, wakapanga masahani humo, wakalizungusha, wageni wakapokea chakula chao na hakuna aliyemuona mwenzie. Mama mkwe alisimama pale muda, anagusa mbao, anauliza bawaba ziko wapi, akaanza kutueleza nyumba ya bibi yake ilivyokuwa na mlango wa uani wa wanawake ili wasipite barazani walipokaa wanaume. Mwongozaji naye akawa anamuuliza maswali, mimi nikabaki kutafsiri tu huku na huku.

Halafu akatufungulia kabati la magodoro. Ndani yake pembeni kuna kijichumba cha kuogea, kidogo sana, mtu mmoja na ndoo yake, chini kuna tundu la kutolea maji, gusülhane. Kila chumba kina cha kwake. Yaani kijana akioa anapewa chumba kimoja na hicho chumba ni nyumba kamili, mchana magodoro yanarudi kabatini na chakula kinatandikwa chini, usiku mnatandika mnalala, na josho mnaoga humohumo, hakuna kupita ukumbini na taulo mbele ya wakwe. Ungepita mwenyewe ungeona mlango wa kabati umefungwa ukaendelea na safari yako. Mimi mwenyewe bila kuonyeshwa nisingejua.

Na barabara vilevile, mwambie mama atazame chini. Mawe yamepangwa yakainama kuelekea katikati ya njia, mvua ikinyesha maji yanakimbilia katikati, kuta hazilowi. Ukuta wa chini wa nyumba unafuata njia inavyopinda, hata kama imekaa mshazari, ila ghorofa ya juu inatokeza nje ili vyumba vipate pembe zake sawasawa. Ukishaambiwa hilo unaanza kuliona kila nyumba.

Historia kwa kifupi, msishangae mkifika. Huo ulikuwa mji wa kupitia misafara ya biashara toka karne ya 13, ukashamiri karne ya 17. Cinci Han, nyumba ya wageni ya wasafiri na ngamia wao, ni ya karne hiyo, na hamamu ya Cinci, bafu la umma, karibu yake mpaka leo watu wanaoga, upande wa wanawake na wa wanaume mbalimbali. Msikiti wa Köprülü Mehmet Paşa nao ni wa enzi hizo, uani kuna saa ya kivuli cha jua. Msikiti wa İzzet Mehmet Paşa ni wa 1796, na yeye huyohuyo ndo alijenga mnara wa saa. Reli ilipokuja misafara ikafa, halafu mwaka 1937 wakaanza kujenga kiwanda cha chuma huku kwetu Karabük, watu wakahamia kwenye kazi na maghorofa, mji wa zamani ukapona kuvunjwa. UNESCO wakauingiza kwenye urithi wa dunia mwaka 1994, kabla ya Mji Mkongwe wetu wa 2000 na Lamu ya 2001.

Kutoka: Mkenya wa Istanbul

Dada nimefurahia sana hiyo ya kabati. Lakini wacha niulize kitu, kuna zile tour za basi za siku moja, zinapitia Safranbolu na Amasra pamoja, bei zake ni nafuu na guide yuko ndani tayari. Mbona huyo ndugu asichukue hiyo tu? Mimi nilienda na wenzangu tulipokuwa chuo, tulizunguka wenyewe na ilikuwa sawa.

Kutoka: Dada wa Karabük

Kaka yangu kwa vijana sawa kabisa. Kwa mama mwenye magoti hapana. Zile za siku moja unaamshwa alfajiri, ukifika unapewa saa chache na nusu yake inaishia dukani, Amasra iko baharini huko kaskazini na njia ya kwenda ni kona tupu, mama atalala kwenye basi siku nzima. Isitoshe watu wako wengi, mwongozaji anaongea kwa spika na wa nyuma hasikii.

Nilichokuwa nasema mimi ni mwongozaji wenu wenyewe, wa masaa mawili matatu, anayetembea kwa mwendo wa mama. Mkiwa familia mbili tatu mnachanga, si mzigo. Ila hakikisha ana leseni. Uturuki kazi hii ina sheria yake, anayetembeza watalii lazima awe amesomea na kusajiliwa, na anakuwa na kitambulisho anachokivaa kifuani au shingoni, wanakiita kokart, mwambie akuonyeshe na hatakasirika. Anayekufuata mtaani "my friend my friend" bila kokart ni sawa na papasi wa Forodhani, anaweza kuwa mtu mzuri sana ila mwisho wake ni duka la binamu yake. Na muulize mapema anaongea lugha gani, wa Kiingereza wapo, wa Kiarabu wapo.

Mimi nina kipimo changu cha mwongozaji, namuuliza habari za Kıranköy. Safranbolu ina sehemu tatu. Çarşı kule bondeni, ndo pa biashara, familia zilikaa huko wakati wa baridi kwa sababu upepo haufiki. Bağlar juu, kwenye mashamba ya mizabibu, joto likianza familia zilipandisha vyombo zikahamia huko mpaka mavuno yaishe. Na Kıranköy, walikokaa Wagiriki Wakristo. Mwaka 1923 Uturuki na Ugiriki walikubaliana kubadilishana watu, Wakristo wakapelekwa Ugiriki, Waislamu wa kule wakaletwa huku, na wale wa Kıranköy wakaondoka kwenye nyumba walizojenga wenyewe. Msikiti mkubwa wa pale, Ulu Cami, ulikuwa kanisa la Mtakatifu Stefano. Mwongozaji anayekupitisha hapo na kukueleza hivyo wazi, huyo anakupa mji mzima. Anayeishia kwenye lokum na mnara wa saa ananipa nusu tu na mimi nimelipa kamili. Hilo kwangu ni zito, watu waliishi pale, wasisahaulike kwa sababu basi lina haraka.

Kutoka: Mama wa Bursa

Nami niongezee. Kwa sisi tunaoishi huku, kila mtu atembee na kimlik yake, yaani kitambulisho cha ukaazi, na wageni pasipoti, basi za mikoani polisi wanasimamisha na kukagua, ni jambo la kawaida msiogope. Dada, vipi upande wa watu? Nauliza kwa sababu ya yale ya 2024.

Kutoka: Dada wa Karabük

Swali zuri mama yangu. Kwa wasiojua, mwezi wa tatu 2024 ulienea uvumi mbaya sana mitandaoni kuhusu wanafunzi wa Kiafrika wa Chuo Kikuu cha Karabük, kuhusu magonjwa, chuo chenyewe kikatoka kukanusha. Ulituumiza, sisemi haukutuumiza, kuna wadogo zetu waliogopa hata kutoka bweni. Ila Safranbolu mjini wafanyabiashara wametuzoea miaka sasa, Waafrika tuko wengi eneo hili, mgeni wako atasalimiwa na kukaribishwa chai. Wazee wakimuona mama amejitanda khanga watamwita "teyze", yaani mama mdogo, na kumpa kiti. Mabasi ya watalii toka mbali ndo wanaweza kuomba picha na nyie, mkikataa kwa adabu wanaelewa.

Usafiri: Ankara panda AŞTİ, stendi kuu ya mabasi, ni kama masaa matatu, hakikisha tiketi imeandikwa Safranbolu. Gari inakushusha huko juu, Çarşı iko bondeni kwa hiyo teremka na dolmuş au teksi, usimtembeze mama na mabegi kwenye yale mawe. Viatu vya soli laini, mvua ikinyesha yanateleza. Gari la mtoto la matairi liache nyumbani.

Na mwezi mliouchagua ni wenyewe hasa, zafarani huchanua mwisho wa Oktoba mpaka Novemba. Mauwa yanachumwa asubuhi mapema, kila ua lina nyuzi tatu tu nyekundu, kilo moja inataka maua laki moja na nusu na zaidi, ndo maana bei inatisha. Mwambie mwongozaji mapema kwamba mnataka kufika shambani, mama atafurahi kuliko makumbusho yote. Mkinunua, weka nyuzi kwenye maji, ya kweli inatoa rangi ya njano taratibu na uzi unabaki mwekundu, ikimwaga wekundu papo hapo imepakwa rangi, rudisha. Kula bükme ya mchicha, mkate uliokunjwa wenye mboga ndani, ingali moto, na zerde, ule wali mtamu wa zafarani.

Kutoka: Mdau wa Ankara

Dada nakushukuru sana, nimemsomea mama kwenye simu hiyo habari ya kijichumba cha josho amecheka kweli, anasema lazima akakione. Tutalala usiku mmoja basi, tusikimbizane. Kuna hoteli za kwenye nyumba za zamani nimeziona kwenye apu, zinafaa?

Kutoka: Dada wa Karabük

Zinafaa na ni raha, ila kabla hujalipa wapigie simu uulize mambo mawili. Ngazi zake ni za mbao na zimesimama sana, kwa hiyo omba chumba cha chini. La pili, uliza bafu liko wapi, kwa sababu nyingi wameliweka humohumo kabatini palipokuwa na gusülhane, unapanda kingazi na mlango ni mfupi, kwa magoti ya mama ni shida. Wenye chumba cha bafu la kawaida wapo, ukiuliza watakwambia. Ukishapata tarehe niandikie, nitashuka na dolmuş tukutane Cinci Han, ntamletea mama chapati.