New Hampshire: uhuru upo kwenye pleti namba, bampa nanunua mwenyewe

Wakuu, leo niacheni niseme.

Juzi nimegongwa kwa nyuma hapa Manchester, jimbo la New Hampshire, Marekani, nimesimama zangu kwenye taa nyekundu. Jamaa kashuka, kaomba radhi kistaarabu kabisa. Namuuliza bima, hana. Na hajavunja sheria! Jimbo hili halimlazimishi mtu kukatia gari bima. Mpaka agonge ndipo aulizwe atalipa na nini. Huyu hana kitu. Nimebaki nakodolea macho pleti yake, yenye kaulimbiu ya jimbo: "Ishi huru au ufe".

Maneno ya Jenerali John Stark hayo, aliwaandikia wenzake waliopigana naye Bennington, vita ya kudai uhuru wa Marekani, mwaka 1809, mgonjwa, hawezi kusafiri. Yule mzee alikuwa na haki ya kuyasema, kapigana na Mwingereza kwa bunduki. Hawa wa leo wanayatumia kukwepa bili. Mkanda wa gari? Mtu mzima halazimishwi, jimbo pekee Marekani nzima. Kodi ya mshahara? Mwanasiasa akiitaja tu kajimaliza. Sasa shule zinaendeshwa na nini? Kodi ya majengo. Mimi sina hata tofali, lakini mwenye nyumba kapandisha pango, anasema kodi imepanda. Nikamuuliza huo uhuru ni wa nani, akacheka.

Mwaka 2022 kule Croydon, kamji kadogo, watu wachache walikaa mkutanoni wakakata bajeti ya shule zaidi ya nusu, kura 20 kwa 14. Wazazi waliposhtuka wakarudi kuifuta, 377 kwa 2. Kumbe uhuru wenyewe ulipita wenye watoto wakiwa nyumbani!

Na jaribu kuukataa uone. George Maynard, Shahidi wa Yehova, aliziba kaulimbiu kwenye pleti yake kwa sababu ya imani. Kagoma kulipa faini, kalazwa ndani siku 15. Mpaka 1977 Mahakama ya Juu ya Marekani ndipo ikampa haki. Pleti zenyewe, kwa taarifa yenu, zinatengenezwa na wafungwa, gerezani Concord.

Sisi nyumbani kwenye ngao tumeandika Uhuru na Umoja. Hawa la pili hawakulitaka.

Haya, nani hapa amewahi kumdai mtu asiye na bima akalipwa? Ulianzia wapi? Na asije mtu kuniambia "hama", nina watoto watatu shuleni.