Vitabu kuhusu diplomasia ya wakati wa vita: tuanze na cha nani?

Msomaji wa Jioni

Ndugu wanajamvi, salaam. Sisi ni watu saba tunaokutana kila mwisho wa mwezi kujadili kitabu kimoja, na safari hii tumekubaliana kusoma habari za Churchill, Roosevelt na Stalin, viongozi wa Uingereza, Marekani na Urusi katika Vita Kuu ya Pili ya Dunia, hasa namna walivyojadiliana wao kwa wao huku majeshi yao yakiwa bado vitani. Nimekwisha kuanza juzuu ya kwanza kati ya sita za The Second World War, alizoandika Churchill mwenyewe. Lugha yake imenivutia sana, lakini kadiri ninavyoendelea ndivyo ninavyoona kwamba kila aliyewahi kubishana naye anatoka amekosea. Je, kitabu hicho kinafaa kuwa mlango wa kuingilia, au kipo kingine? Naomba mapendekezo yasizidi matatu, kwa kuwa wenzangu wana kazi na watoto.

Mzee wa Maktaba

Ndugu Msomaji, umeona vizuri, ila usikirudishe kitabu rafuni kwa sababu hiyo. Churchill alikuwa mdaawa katika kesi hii, kisha akajipa kazi ya kuandika hukumu. Juzuu zake zilitoka kati ya 1948 na 1953, naye aliruhusiwa kutumia nyaraka za serikali ambazo watafiti wengine walikuwa hawajafunguliwa, akisaidiwa na jopo la maofisa wa zamani wa jeshi na wanahistoria. Kabla hajamaliza, mwaka 1951, alirudi kuwa Waziri Mkuu, na juzuu ya mwisho ilipotoka Eisenhower, aliyekuwa kamanda mkuu wa majeshi ya washirika Ulaya magharibi, alikuwa amekwisha kuwa Rais wa Marekani. Kwa hiyo ugomvi wao wa mwaka 1945 ulipunguzwa makali, kwa kuwa mwandishi alikuwa bado anamhitaji mtu anayemwandika. Mwanahistoria David Reynolds ameufuatilia mchakato huo hatua kwa hatua katika In Command of History, kilichotoka mwaka 2004, na anayekisoma hawezi tena kuzisoma kumbukumbu zile kwa jicho la awali. Kuna pia siri ya Ultra, yaani uwezo wa Waingereza wa kusoma ujumbe wa kijeshi wa Wajerumani, ambayo haikutangazwa hadharani hadi miaka ya 1970. Katika juzuu zote sita maamuzi kadhaa yanaonekana kama kipaji cha kubashiri, kumbe mwamuzi alikuwa amesoma barua za adui.

Kwa mlango wa kuingilia napendekeza Roosevelt and Hopkins cha Robert Sherwood, kilichotoka mwaka 1948. Roosevelt alifariki Aprili 1945 bila kuacha kumbukumbu zake, hivyo njia nzuri ya kumfikia ni kupitia mtu aliyekaa karibu naye. Harry Hopkins alikuwa mgonjwa wa muda mrefu, akiishi ndani ya Ikulu ya White House bila kuwa waziri wa mambo ya nje wala balozi, na bado ndiye aliyetumwa London Januari 1941 kupima kama Uingereza ingestahimili, kisha Moscow Julai mwaka huohuo, wiki chache tu baada ya Wajerumani kuvamia. Huko ndiko kuna kisa ninachokipenda kuliko vyote katika kitabu kile. Stalin alipoulizwa anahitaji nini, pamoja na mizinga ya kutungulia ndege aliomba aluminiamu ya kuundia ndege. Hopkins akatafakari kwamba mtu anayetarajia kushindwa mwezi ujao haombi malighafi, anaomba risasi. Kwa ushahidi mdogo kama huo alirudi akiwa na imani kwamba Urusi ingesimama, wakati wanajeshi wengi wa London na Washington walikuwa wakiihesabia wiki. Churchill alimtania kwa cheo cha kubuni, Lord Root of the Matter, yaani Bwana Kiini cha Mambo, kwa jinsi alivyokuwa akikatiza hotuba ndefu na kuuliza linalotakiwa.

Binti wa Mrima

Shikamoo Mzee wa Maktaba. Naomba nitofautiane nawe kidogo: Sherwood alikuwa miongoni mwa waandishi wa hotuba za Roosevelt, kwa hiyo hata yeye ana upande. Mimi ningeanza na shajara za Alanbrooke, mkuu wa majeshi ya nchi kavu ya Uingereza, aliyeandika usiku baada ya vikao, mara nyingi akiwa amechoka na amekasirika. Lakini msichukue matoleo ya mwaka 1957 na 1959, kwa sababu maneno mengi makali kuhusu Churchill yaliondolewa humo. Toleo kamili ni la mwaka 2001, nalo lina maelezo aliyoyaongeza mwenyewe baadaye, mahali pengine akijutia ukali wake.

Kwa upande wa Wasovieti ipo shajara ya Ivan Maisky, balozi wao London kuanzia 1932 hadi 1943. Ni ajabu kwamba ipo. Mwandishi wake alikamatwa Februari 1953 na daftari zake zikachukuliwa.

Mjukuu wa Keya

Nashukuru kwa michango hii. Chochote mtakachochagua, someni pamoja sehemu mbili ambazo ni fupi. Ya kwanza imo katika juzuu ya sita ya Churchill, kuhusu usiku wa Oktoba 1944 mjini Moscow alipoandika kwenye kipande cha karatasi kwamba Urusi iwe na asilimia 90 nchini Romania, Uingereza asilimia 90 nchini Ugiriki, na Yugoslavia na Hungaria zigawanywe nusu kwa nusu; Stalin akaweka alama kwa penseli ya buluu na kuirudisha. Churchill anasimulia kwamba alipendekeza karatasi ichomwe, Stalin akamwambia aitunze. Hasimulii kwa kirefu kwamba mawaziri wa mambo ya nje, Eden wa Uingereza na Molotov wa Urusi, walizishindania asilimia hizo kama bei ya samaki katika siku zilizofuata.

Ya pili ni Mkataba wa Atlantiki wa Agosti 1941, yaani tamko la pamoja la Churchill na Roosevelt, hasa kifungu cha tatu, kinachosema watu wote wana haki ya kuchagua serikali yao. Mwezi mmoja baadaye Churchill aliliambia Bunge kwamba waliofikiriwa ni mataifa ya Ulaya yaliyokuwa chini ya Wanazi. Babu yangu alikuwa Keya, yaani askari wa King's African Rifles, jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki, akaenda Burma na Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki mwaka 1944. Hakuwahi kuusoma mkataba huo, lakini nadhani kikundi chenu kinaweza kumwulizia.

Msomaji wa Jioni

Shikamoo Mzee, na asanteni nyote. Nimewasiliana na wenzangu: tutaanza na Sherwood, sura za mwaka 1941 tu, na kila mtu atakuja na kurasa za Alanbrooke za tarehe zinazolingana. Mkataba una vifungu vinane, unaenea katika ukurasa mmoja, kwa hiyo tutausoma kwa sauti kabla ya chai. Swali la Keya nimeliandika la kwanza kwenye ajenda.