Kama dodoso halipimi uongozi, je, mahojiano yanaupima?

Mleta hoja

Naweka mezani swali ambalo bodi za mashirika, vitengo vya rasilimali watu na vyuo vinavyofundisha uongozi hulijibu kila mwaka kwa vitendo bila kulijadili: tunajuaje kwamba mtu fulani anaongoza vizuri? Jibu lililozoeleka ni dodoso. Wafanyakazi hupewa orodha ya kauli zinazomhusu mkuu wao, huzipa alama, alama hizo hutafutiwa wastani, na wastani huo ndio unaobandikwa jina la uongozi wake.

Udhaifu wa njia hii ulionekana zamani. Mwaka 1975 Dov Eden na Uri Leviatan waliwapa watu dodoso la aina hiyo wawatathmini wasimamizi wa kiwanda kisichokuwapo, kilichobuniwa tu, ambacho hakuna hata mmoja wao aliyewahi kukanyaga, na mpangilio wa majibu yao ukafanana na ule unaopatikana wafanyakazi wanapowatathmini wasimamizi halisi. Maana yake ni kwamba mjibuji huja na sura ya kiongozi ambayo tayari anayo kichwani, na dodoso huipima sura hiyo hata pale ambapo mtu mwenyewe hayupo. Mwaka 2014 Jan Ketil Arnulf na wenzake walikwenda mbali zaidi. Walitumia programu za kompyuta zinazolinganisha maana za maswali tu, na programu hizo zikaweza kubashiri sehemu kubwa ya mpangilio wa majibu ya madodoso yanayotumika sana, likiwemo lile la uongozi wa mageuzi, yaani uongozi unaowahamasisha watu kwa maono. Kama majibu yanaweza kukisiwa kwa kusoma maswali peke yake, hatuna budi kujiuliza ni kipi tulichojifunza kuhusu kiongozi.

Wenzangu wengi wa utafiti wa kimaelezo, yaani ule unaotegemea maneno badala ya namba, husoma matokeo haya kwa furaha. Mimi pia nafanya utafiti wa aina hiyo, na nasema furaha hiyo imekuja mapema mno. Tuitazame kazi ya kawaida ya upande wetu: mtafiti huwahoji viongozi kumi na watano, kila mmoja kwa saa moja, hunukuu maneno yao, huyapanga katika mada, kisha huhitimisha kwamba viongozi hao wana maono, wanasikiliza na wanawajengea watu uwezo. Nani kasema? Wao wenyewe. Hiyo ni sura ileile iliyo kichwani, ila sasa imesimuliwa kwa aya badala ya kutiwa alama. Mats Alvesson na Stefan Sveningsson walilionyesha jambo hili mwaka 2003 walipowahoji mameneja wa kampuni moja inayotegemea wataalamu. Mameneja walizungumza kwa ufasaha juu ya maono na mkakati, lakini walipoulizwa wanafanya nini hasa, maelezo yao yaliteremka kwenye shughuli za utawala na masuala ya kiufundi, na uongozi waliokuwa wakiutaja ukayeyuka. Ulionekana umeyeyuka kwa sababu watafiti hawakuridhika na jibu la kwanza.

Kwa hiyo naona kwamba ugomvi wa namba na maneno umetupoteza njia. Mpaka wa kweli uko kati ya kumwomba mtu akumbuke na kuwapo anapotenda. Henry Mintzberg, mtafiti wa kazi za mameneja, alifuatana na wakurugenzi watendaji watano, kila mmoja kwa wiki moja, na katika kitabu chake cha mwaka 1973 alieleza kwamba nusu ya shughuli zao zilichukua chini ya dakika tisa na kwamba ni moja tu katika kumi iliyozidi saa nzima. Kabla ya hapo, kwa zaidi ya nusu karne tangu Henri Fayol, mmoja wa waasisi wa nadharia ya usimamizi, vitabu vilifundisha kwamba meneja hupanga, huratibu na hudhibiti, na sidhani kama yupo mkurugenzi ambaye angesema katika mahojiano kwamba siku yake imekatwakatwa vipande vya dakika tisa.

Pendekezo langu ni kwamba tasnifu au tathmini yoyote isiruhusiwe kudai kwamba imechunguza uongozi ikiwa mtafiti hakuketi hata katika kikao kimoja ambamo jambo liliamuliwa.

Mchangiaji wa kwanza

Ndugu mleta hoja, nakubaliana nawe kuhusu mahojiano, lakini unalihukumu dodoso kwa kosa ambalo si lake. Ukweli kwamba mfanyakazi anajibu kwa kufuata sura aliyo nayo kichwani haulifanyi jibu lake kuwa tupu. James Meindl na wenzake walieleza mwaka 1985 jinsi watu wanavyompa kiongozi sifa au lawama za matokeo ya shirika kupita kiasi, hasa matokeo yanapokuwa mazuri sana au mabaya sana. Wewe utasema huo ni upotovu wa kumbukumbu. Mimi nasema huo ni sehemu ya uongozi wenyewe, kwa kuwa mfanyakazi anayeamini kwamba mkuu wake hatendi haki ataacha kazi kwa imani hiyo, hata kama mtazamaji aliyeketi kikaoni hakuona dhuluma yoyote.

Aidha, mfano wako wa Mintzberg unakurudia. Nguvu yake inatokana na kuhesabu dakika, na watu watano ni wachache mno kwa yeyote anayetaka kujua kama mtindo fulani wa kuongoza unaambatana na matokeo bora kuliko mwingine. Shirika lenye matawi arubaini litapata wapi watazamaji wa kuketi katika kila kikao? Na mkuu anayejua kwamba anatazamwa ataongoza kwa namna ambayo hajawahi kuongoza.

Mchangiaji wa pili

Naongea kama mtu aliyewahi kuhojiwa. Shirika nililolitumikia lilimleta mtafiti kupitia ofisi ya mkuu, naye akawahoji watu sita, tukiwa tumeahidiwa kwamba majina hayatatajwa. Katika idara yetu palikuwa na mwanamke mmoja tu mwenye cheo cha naibu, na maneno yake yalipotokea katika ripoti yakiwa yamenukuliwa neno kwa neno, kila mtu alimjua. Sisi wengine, ambao tulikuwa tumehisi hatari hiyo tangu mwanzo, tulisema mkuu wetu ni msikivu na mwenye maono. Katika dodoso lisilo na jina ningesema kweli. Naomba wataalamu wanaosifu kina cha utafiti wa kimaelezo wakumbuke kwamba kina hicho hulipiwa na mtu aliye chini.

Mleta hoja

Nimesoma michango hii zaidi ya mara moja, na nalazimika kulibadili pendekezo langu.

Kwa mchangiaji wa kwanza: nakubali kwamba imani za wafuasi zina uzito wake, na dodoso ni chombo halali cha kuzipima. Ninachokikataa ni jina. Alama zile ziitwe mtazamo wa wafanyakazi juu ya mkuu wao, wala zisitumike kumpandisha mtu cheo kwa madai kwamba tumepima alichokitenda.

Kwa mchangiaji wa pili sina utetezi. Kuficha jina katika kundi la watu sita si kuficha chochote, na mtafiti aliyeahidi siri ambayo ukubwa wa kundi haumruhusu kuitunza amefanya kosa la maadili kabla hata hajauliza swali la kwanza.

Kilichonibadilisha zaidi ni kazi ya mwanasosiolojia Diane Vaughan. Chombo cha anga cha Marekani, Challenger, kiliangamia tarehe 28 Januari 1986 pamoja na watu saba waliokuwamo, na maelezo yaliyoenea yalikuwa kwamba mameneja waliobanwa na ratiba walivunja kanuni huku wakijua. Vaughan, katika kitabu alichokichapisha mwaka 1996, alirudi kwenye kumbukumbu za maandishi za miaka iliyotangulia. Alionyesha kwamba kanuni zilifuatwa, na kwamba wahandisi na mameneja walikuwa wameuzoea uharibifu wa vizibo vya mpira vya roketi hatua kwa hatua, kila safari iliyorejea salama ikiwafanya waihesabu hali ile kuwa ya kawaida. Yeye hakuketi katika kikao hata kimoja kati ya hivyo. Kwa kipimo changu cha awali kazi yake ingekataliwa, na kipimo kinachoikataa kazi kama hiyo ni kibovu.

Kumbe jambo la msingi ni wakati ushahidi ulipotolewa, yaani kabla mwisho haujajulikana au baada ya watu kuupata na kuupangia hadithi. Muhtasari wa kikao, barua ya ndani na rasimu iliyokataliwa viliandikwa na watu ambao hawakujua kesho italeta nini. Mahojiano na dodoso, vyote viwili, kwa kawaida huja baadaye. Kwa hiyo pendekezo langu sasa ni hili: anayedai kuchunguza uongozi aonyeshe angalau aina moja ya ushahidi uliotolewa kabla ya matokeo, uwe ni kikao alichokitazama au maandishi ya wakati ule. Kwa njia ya maandishi, matawi arubaini hayahitaji watazamaji arubaini, na hakuna naibu anayelazimika kusema neno litakalomrudia.

Limebaki tatizo ambalo sijalipatia jibu. Anayeamua ni mihtasari ipi mtafiti aione ni ofisi ileile ya mkuu, na muhtasari wenyewe huandikwa na mtu aliye chini yake. Mchangiaji wa pili, wewe uliyekuwa ndani: mihtasari ya vikao vyenu ilikuwa ikiandika yale mliyobishania, au ilikuwa ikiandika yale tu mliyokubaliana?