Daktari wa jeshi aliyeruka na parachuti mwenyewe, ni kweli au chai?

kipanga_84:
Wakuu habari za usiku. Jana kijiweni tumebishana mpaka basi, jamaa mmoja anasema kuna daktari wa jeshi la Marekani aliruka kutoka kule juu zinakopita ndege za abiria na alikuwa hajawahi kuruka hata siku moja. Nikamwambia chai hiyo. Anayejua aseme, kuna soda ya mtu hapa.

mtu_wa_mwambao:
Si John Stapp huyo? Alifungwa kwenye kiti cha roketi kinachokimbia kwenye reli, New Mexico 1954, kilomita elfu na kitu kwa saa halafu breki, macho yakavilia damu.

fundi_redio:
Stapp ni wa relini mkuu. Huyo ni Randolph Lovelace, mpe jamaa soda yake. Kabla ya vita yeye na wenzake walishatengeneza maski ya oksijeni ya marubani, sasa shida ikawa ukiruka maski inabaki kwenye ndege na wewe huko juu unazimia kwa kukosa hewa. Ndio ikaja kichupa cha oksijeni cha kuruka nacho. Nani akijaribu? Akaenda mwenyewe, 24 Juni 1943, jimbo la Washington, akatoka kwenye ndege ya mabomu ya B-17 futi 40,200, yaani kilomita 12 na ushee, na kweli ndio ilikuwa mara yake ya kwanza. Parachuti ilifungwa kamba kwenye ndege kwa hiyo ikafunguka hapo hapo, ikamkung'uta akapoteza fahamu, glavu zikachomoka, mkono mmoja ukaungua kwa baridi, akashuka karibu dakika 24 ananing'inia kama shati kwenye kamba 😂 Kichupa lakini kilifanya kazi.

kipanga_84:
Duh. Ila hewa si ni nyepesi huko juu, mbona parachuti imkung'ute hivyo?

fundi_redio:
Ndio maana yenyewe. Hewa nyepesi haikushiki, ukitoka tu bado una kasi kubwa ya ndege, sasa parachuti ikifunguka hapo hapo unasimamishwa ghafla. Kwa hiyo ukiruka juu sana usifungue, acha uanguke kwanza mpaka hewa iwe nzito.

mtu_wa_mwambao:
Aliishia wapi?

fundi_redio:
Ndege ndogo ilianguka Colorado Desemba 1965, yeye, mkewe na rubani.

kipanga_84:
Dah. Jamaa nimempigia, anasema soda moja haitoshi, nilimwita muongo mbele za watu.