MREJESHO: Ile krem brule yangu iliyotoka kama mayai ya kuvuruga

Jamani nimerudi. Wiki iliyopita niliuliza kwa nini krem brule yangu (custard ya viini vya mayai na krimu, juu ina sukari iliyochomwa ikawa ngumu) inakatika na sukari ya juu haigandi, basi jana nimejaribu tena na safari hii imekubali!

Kosa lilikuwa moto. Nilikuwa naoka nyuzi 180 bila trei ya maji kumbe ndo nilikuwa nayakaanga mayai yenyewe. Jana nimetumia viini 5 tu kwa nusu lita ya krimu, krimu nikaipasha ikawa ya moto ila haijachemka nikaimimina kidogo kidogo huku nakoroga, nikachuja, vibakuli nikaviweka kwenye trei yenye maji moto mpaka nusu, oveni 150. Dakika 35 nikatoa katikati bado panatikisika, roho inaniuma naona kama mbichi lakini nikakaza. Ikalala kwenye friji usiku kucha.

Sasa sukari. Tochi ya gesi ya kuchomea sukari sina, nikawasha grili ya juu ya oveni, nikanyunyiza safu nyembamba. Kibakuli kimoja kimeungua kikawa kichungu kama shubiri (nilienda kufungua geti), vingine vitatu ukigonga na kijiko unasikia kabisa, ka!

Ila grili inapasha na custard ya chini, kwa hiyo tochi nanunua tu.