Mjadala: Kanisa kongwe la Kimethodisti likikarabatiwa, kipi kisiguswe?

Wawili wametangulia kuchangia, na kila mmoja anavuta kamba upande wake. Wa kwanza anasema lisiondolewe hata benchi moja, maana kugusa ni kufuta historia. Wa pili anajibu kwamba kanisa ni watu, jengo ni matofali tu, kwa hiyo roshani ivunjwe, mimbari itolewe, pabaki ukumbi mtupu. Nawapinga wote wawili.

Nianze na wa kwanza. Historia ipi unayoilinda? Chukua kanisa la John Wesley, mwanzilishi wa Umethodisti, pale City Road, London, lililofunguliwa Novemba 1, 1778. Ukiingia leo, macho yanakimbilia nguzo za yaspi, jiwe la thamani lenye rangi, na madirisha ya vioo vya rangi. Ni vitu vizuri, sibishi, ila Wesley hakuviona. Nguzo za mwanzo zilikuwa milingoti ya meli, na husimuliwa kuwa ilikuwa zawadi ya Mfalme George III. Yaspi iliwekwa mwaka 1891, miaka mia moja baada ya Wesley kufariki, kwa michango ya Wamethodisti wa nchi mbalimbali. Mimbari yenyewe ilikuwa ndefu kuliko ilivyo sasa.

Wesley aliagiza nyumba za kuhubiria ziwe za kawaida na za heshima, zisizidi gharama isiyoepukika. Sababu aliyotoa hunichoma kila nikiikumbuka: gharama ikipanda tutawahitaji matajiri, na tukiwategemea watatutawala. Baadaye makanisa mengi yakakodisha mabenchi kwa familia, mwenye fedha akapata mahali pake, maskini akatafutiwa pa kukaa. Mabenchi hayo ndiyo mnayotaka tuyalinde kwa machozi?

Sasa wewe wa pili, na hapa nina uchungu zaidi. Matofali hayo yalipangwa kwa akili. Mwaka 1757 Wesley alifika Norwich akaona kanisa jipya la Wapresbiteri lenye pembe nane, madirisha 16 chini na mengine 16 juu. Alilisifu sana, ingawa alijiuliza kama injili yake isiyopambwa ingepata nafasi mahali pazuri vile. Baadaye agizo kwa watu wake likawa kwamba palipo na kiwanja cha kutosha wajenge kwa pembe nane, kwa kuwa umbo hilo linafaa sauti.

Fikiria enzi isiyo na kipaza sauti. Katika ukumbi mrefu kama korido, aliyekaa nyuma anaokota mabaki ya maneno. Ndani ya pembe nane hakuna aliye mbali sana, na roshani inapandisha mamia ya watu hadi usawa wa uso wa mhubiri. Ukiivunja roshani umewarudisha watu wale nyuma, kisha utanunua spika za kuwafikia.

Bristol nako kuna New Room, iliyoanza kujengwa mwaka 1739, jengo la Kimethodisti kongwe kuliko yote duniani. Mwanga unashuka kutoka juu, kwenye kuba dogo la vioo lenye pembe nane. Orofani walilala wahubiri wa safari, na kuna madirisha ya ndani ambayo ukisimama hapo unawatazama chini waliokaa ibadani. Chini ya paa hilohilo maskini walipewa dawa, na watoto wakafundishwa. Toa kimoja tu, hadithi inapwaya. Lakini jengo hilo lenyewe lilipanuliwa mwaka 1748, Wesley akiwa hai, na kanisa la pembe nane la kijiji cha Heptonstall, Uingereza, la mwaka 1764 lilirefushwa watu walipoongezeka, pembe zake nane zikabaki.

Msimamo wangu basi: mabenchi ya kudumu yaweza kuondoka. Roshani, mimbari na umbo la kuta visiguswe. Na kabla kamati yoyote haijapiga kura, wazime spika, mmoja asome zaburi mimbarini kwa sauti yake ya kawaida, wengine wakae viti vya mwisho kabisa, chini ya roshani na juu yake, waseme wamesikia nini.

Kama kuna aliyekaa kwenye kamati ya ukarabati wa kanisa la aina hii, atueleze: mlipoondoa mabenchi, sauti ilibadilikaje? Mbao zilikuwa zinameza mwangwi, au sakafu tupu iliuongeza?